Wilkister na Gunia la Nne

Ukifika Kamenu, mtaa wa Thika, uulize nyumba ya Wilkister Nekesa, watu watakuna kichwa. Uliza DJ Wili, na utaonyeshwa njia kabla hujamaliza kusema. Siku za kazi yeye ni fundi wa nguo, mshonaji wa sare za shule karibu na soko la Thika, na sketi yake ya marinda huvumilia hata mtoto mtundu wa kupanda miti. Lakini Jumapili, kanisa likishatoka na watu wakishakula, huvaa koti lake jekundu na kwenda kwenye ukumbi wa video wa Gachau. Huko huketi kwenye kiti kirefu kando ya skrini, akashika maiki, na kuanzia hapo Wazungu, Wachina na Wakorea wote wanaongea Kiswahili cha Thika.

Kwa wale ambao hawajawahi kukalia benchi za Gachau, DJ wa muvi ndiye anayesimulia picha huku ikienda. Sauti ya Wazungu inapunguzwa, yake inapandishwa. Anaeleza nani kamkosea nani, anawapa waigizaji majina yanayokubali mdomoni, na picha ikianza kupoa anaitia chumvi. Polisi wote wa Wili ni Afande Munyao. Msichana mrembo ni Becky wa Section Nine, hata akiwa ametoka Seoli. Gari likipinduka limepindukia Witeithie, na mhalifu akikimbia anakimbilia Makongeni kujificha kwa shangazi. Watu hucheka mpaka wakashikana mabega.

Alikuwa mwanamke wa kwanza kukalia kiti kile, na usidhani alikaribishwa na chai. Wanaume walisema sauti ya mwanamke haiwezi kubeba vita. Siku yake ya kwanza Gachau akampa kwa makusudi muvi ya magari kufukuzana, akitarajia aaibike. Wilkister aliisimulia bila kumeza mate, kona kwa kona, hadi mwanamume mmoja wa benchi ya mbele akajikuta anakanyaga breki ya hewa. Tangu siku hiyo kiti kikawa chake. Alijivunia kiti kile waziwazi, na mimi simlaumu, maana wako wanaojivunia vitu vidogo kuliko hivyo.

Ufundi huo hakufunzwa na DJ yeyote. Babake, Mzee Dismas, alitoka Bungoma akiwa kijana kuja kufanya kazi katika kiwanda cha nguo hapa Thika, na macho yakaanza kumpotea wakati Wilkister alikuwa bado msichana wa shule ya msingi. Mzee alipenda picha kupita kiasi. Basi kila jioni binti aliketi karibu na goti lake mbele ya televisheni ndogo na kumweleza kila kinachotokea. Mwanzoni alikuwa akimpambia. Lori likawa ndege, mbwa akawa simba. Mzee alimkamata kila mara, kwa sababu masikio yake hayakuwa na ubovu wowote.

"Wili, mimi nimekuomba macho," alimwambia siku moja, wala hakuwa amekasirika. "Hadithi niko nazo zangu."

Hapo ndipo aliposhika kanuni yake, na hakuiacha hata alipopata kiti cha Gachau. Utani aliweka, majina ya Thika aliweka, lakini aliyekufa kwenye picha alikufa kwa Wili pia, na aliyepona alipona. Mzee Dismas mwenyewe huja kila Jumapili na mkongojo wake, akaketi benchi ya kwanza chini ya spika, na hakuna mtu anayethubutu kuikalia nafasi yake.

Sasa, palikuwa na muvi moja ya kutisha ambayo Kamenu yote iliishiwa akili kwayo. Jina lake la Kizungu hakuna aliyelijali. Sisi tuliiita Gunia, kwa sababu muuaji wake alikuwa jitu lililovaa gunia kichwani. Muvi yenyewe haikuwa na siri. Vijana wanaenda kujiburudisha kwenye nyumba iliyoko msituni. Mmoja anasikia kitu kikikwaruza chini ya sakafu, na badala ya kutafuta njia ya kurudi kwao, anachukua tochi ashuke kuangalia. Hapo ukumbi wote ulikuwa unapaza sauti, wazee kwa vijana: "Rudi nyumbani!" Naye Wilkister, kwa huzuni ya uongo, akijibu kwenye maiki: "Hasikii huyo. Amesoma shule ya bodi, nyumbani hakujui." Kisha Mzee Gunia anaibuka na shoka, watu wanainua miguu kwenye benchi, na mwishowe Becky wa Section Nine anaponea kwa dirisha. Gunia la kwanza lilikuwa hivyo, la pili hivyo, la tatu hivyo hivyo, kama githeri ya shule, mahindi na maharagwe kila siku, na watu walikula yote wakaomba nyongeza.

Habari zilipofika kwamba la nne limetoka, Gachau hakungoja mtu alitazame. Desturi ya ukumbi wake ni kuandika ubao kwanza, muvi ifuate, kwa sababu ubao ndio unaojaza benchi. Akaandika kwa rangi nyekundu, herufi zinazoonekana hadi kwenye stendi: GUNIA 4, MZEE AMERUDI NA HASIRA. Kwa juma zima Kamenu haikuzungumza jambo lingine.

Wilkister aliitazama muvi hiyo Ijumaa baada ya kazi, kwenye kompyuta ya Becky, binti yake. Ndiyo kazi yake, kuitazama kabla. Akangoja Mzee Gunia atokee. Akangoja tena. Muvi ikaisha, na Mzee Gunia hakutokea hata kidole. Alidhani ameletewa muvi nyingine kwa jina lile, akairudisha mwanzo.

Haikuwa nyingine. Mara ya pili ndipo alipoiona ile picha ya ukutani, mvulana mnene mwenye meno ya mbele yaliyoachana. Wilkister alimjua. Alikuwa mtu wa kwanza kabisa kuuawa katika Gunia la kwanza, kijana aliyekufa akiwa amefungua friji kutafuta chakula, na ukumbini tulimbatiza Mlafi. Hakukaa kwenye skrini muda wa kumaliza chapati. Watu walicheka kifo chake miaka yote ile.

Gunia la nne lilikuwa muvi ya mamake.

Mama huyo anaishi peke yake. Kila jioni anapika, anaandaa sahani mbili, na kila jioni mlango unabishwa, na sauti ya mwanawe inasema, "Mama, ni mimi, nifungulie, nina njaa." Majirani, hata yule anayemkatia kuni, wanamwonya asifungue. Mchungaji wao anamwonya asifungue. Anayebisha hujui ni nani, mwana au kitu kilichoazima sauti ya mwana. Hakuna shoka, hakuna tone la damu. Siku ya mwisho mlango unabishwa, mama anainuka, anaweka mkono kwenye komeo, na skrini inakuwa nyeusi. Basi. Imeisha.

Wilkister alifunga kompyuta na kukaa kwenye giza la chumba. Miaka yote ya kusimulia maiti na majini, hakuwa ameogopa hata mara moja, na sasa aliinuka kuangalia kama mlango una komeo. Alijua pia, palepale, kwamba Jumapili hiyo atakuwa mashakani.

Kesho yake asubuhi alimwendea Gachau, mwanamume mnene wa kofia, asiye mbaya lakini asiyependa habari za mapema.

"Mzee hayuko," Wilkister akamwambia.

"Mzee gani?"

"Mzee Gunia. Hayuko kwa muvi. Futa ubao."

"Haiya! Mama Becky, ubao umesomwa na Thika yote." Gachau akafikiri kidogo, kisha uso ukamkunjuka. "Si umuweke tu? Hao Wazungu wanaongeleanga kwa mapua, nani atajua? Huyo jirani wa kukata kuni, sema ndiye yeye."

"Hana gunia kichwani, Gachau."

"Kimeu amesema Mzee ameifua. Ati iko kwa kamba inakauka."

Kimeu ni DJ wa Ruiru, kijana mwenye ulimi mwepesi na viatu vyeupe. Alikuwa ameipata muvi ile mapema na kuionyesha Ruiru tayari, na kwake jirani ndiye Mzee Gunia aliyekuja kujificha wakati nguo zake zinakauka. Mwishoni, skrini ilipokuwa nyeusi, Kimeu alipiga mayowe kwenye maiki, akaiga mlio wa shoka, akammaliza yule mama. Ruiru walipiga makofi wakasimama. Ningekuwa mwongo nikisema haichekeshi.

"Mimi sitaki maneno na wewe," Gachau akasema, sasa kwa upole wa kutisha. "Lakini watu wakitoka hapa na hasira, Jumapili ingine nampatia Kimeu kiti."

Wilkister akarudi kwenye cherehani yake. Unaweza kufikiri ni jambo dogo, uongo mmoja juu ya muvi ya uongo. Yeye aliliona hivyo pia, kwa muda wa kushona kola moja. Lakini kila alipojaribu kuyasema moyoni maneno ya Kimeu, lile gunia kwenye kamba, aliona aibu, kama mtu anayetaniana matangani. Na kiti alikitaka. Hilo nalo lisemwe. Alikitaka kiti chake kuliko kitu chochote alichowahi kupewa.

Jumapili ukumbi ulijaa hadi mlangoni. Gachau hutundika spika nyingine nje ili kuvuta wapita njia, kwa hiyo hata waliokosa nafasi walisimama barabarani wakisikiliza. Wilkister alikwea kiti chake, koti jekundu limepigwa pasi, akawasha maiki.

"Jamani, habari zenu. Niwaambie mapema nisije nikawadanganya. Leo Mzee Gunia hayuko."

Watu wakacheka. Walidhani ni chumvi.

Akaanza. Na kama kuna siku alisimulia, ni siku hiyo. Alimwambia kila mtu yule mvulana wa ukutani ni nani, na kicheko kikaenda kikapotea benchi kwa benchi, wengine wakikumbuka walivyomcheka. Yule mama hakumpa jina la Section Nine wala la Makongeni. Alimwita Mama tu. Akaeleza sahani ya kwanza, sahani ya pili, jinsi mama anavyochagua kipande kikubwa cha nyama na kukiweka kwenye sahani isiyo na mtu.

Mlango ukabishwa. Ukumbi, kwa mazoea, ukanguruma: "Rudi nyumbani!"

Wilkister akasema kwenye maiki, taratibu, "Yuko nyumbani."

Nimeuliza watu wengi tuliokuwa nao ndani siku hiyo, na wote, waliopenda na waliochukia, wanakubali kwamba hapo ndipo nywele ziliposimama. Hatukuwa na neno jingine la kumwambia. Miaka yote ile tulikuwa tukimwambia mtu arudi nyumbani, na hatukuwa tumefikiria mtu ambaye kinachomtisha kimekuja hapo kwake.

Alipofika mwisho, mkono kwenye komeo, skrini ikawa nyeusi. Gachau alikuwa amesimama mlangoni akimpungia mkono, akimwonyesha ishara ya shoka, sema kitu, maliza. Wilkister alimwona vizuri. Akaiweka maiki magotini.

Ukumbi ukalipuka.

"Ati imeisha? Kwani stima imepotea?"

"Mzee ako wapi? Tumebebwa ufala hapa!"

"Rudisha pesa, Gachau!"

"Nyamazeni nyinyi!" Huyu alikuwa mama mmoja mwenye mtoto mgongoni, amesimama juu ya benchi. "Hamkuelewa, mnapiga kelele!"

"Kuelewa nini na hakuna mtu amekufa?"

Benchi moja ilivunjika, ingawa Gachau husimulia tatu. Vijana wawili waliokuwa wamekuja pamoja wakatoka kila mmoja na njia yake, na sijui kama wamesalimiana tangu hapo. Wengi walitoka wakitukana. Wachache walibaki wameketi wakitazama skrini nyeusi kana kwamba ingeendelea. Kati ya hao alikuwa Mzee Dismas.

Walienda nyumbani, mkono wa baba kwenye bega la binti, wakavuka mtaro.

"Leo umeongea kidogo," mzee akasema.

"Hakukuwa na mengi, Baba."

Mzee akatembea hatua chache na mkongojo wake. "Mimi nilimwona huyo mama," akasema. "Nilimwona vizuri sana."

Wilkister alilia hapo barabarani, koti jekundu na yote, na hakujali nani anapita. Baba yake hakuwa mtu wa kugawa sifa. Kwa miaka yote ya kusimuliwa picha, hakuwa amewahi kusema ameona.

Gachau alitimiza neno lake. Jumapili iliyofuata Kimeu alikuja na viatu vyake vyeupe, akakalia kiti kirefu, na Gunia la nne likaonyeshwa tena kwa njia ya Ruiru, gunia likining'inia kwenye kamba na shoka likilia mwishoni. Ukumbi ulijaa, watu wakashangilia. Wilkister alibaki nyumbani akipanga vifungo. Simwambii mtu kwamba hakuumia. Aliumia sana, na jioni hiyo hakula.

Kamenu ilikuwa imegawanyika kweli. Kwa kinyozi walibishana hadi mtu akatoka na nusu ya kichwa haijanyolewa. Katika kwaya ya kanisa, sauti ya tatu ilimuunga mkono Wili, sauti ya nne ikamuunga mkono Kimeu, na mwalimu wa kwaya akapiga marufuku neno gunia. Wako waliosema Wilkister amezeeka, chumvi imemwishia. Yeye alisikia yote, maana kibanda cha fundi wa nguo hakifichwi kitu, akaendelea kukanyaga cherehani.

Jumanne alikuja Mama Ndegwa. Huyu huuza mayai ya kuchemsha na kachumbari nje ya ukumbi wa Gachau, chini kabisa ya ile spika ya barabarani. Ni mama wa kanisa la kukesha, na hajawahi kukanyaga ndani, kwa sababu anaamini video ni mlango wa shetani. Lakini spika haina mlango. Amesikia kila muvi iliyowahi kusimuliwa pale, na hajaona hata moja.

Alisimama mbele ya kibanda na ndoo yake ya mayai, akakataa kuketi.

"Nimekuja kukuuliza kitu, mami," akasema. "Ile ya mama na mlango. Hiyo yako, uliwacha bila kusema. Na hii ya Kimeu, alifungua akakatwa. Sasa ni gani ya ukweli?"

"Kimeu aliongeza, Mama Ndegwa. Hakuna mtu anakatwa."

"Kwa hivyo alifungua?"

Wilkister aliacha cherehani. Angeweza kumpa jibu lolote. Mwanamke yule hakuwa ameona picha na hangeiona kamwe, na usoni alionyesha kwamba angeamini neno lolote ambalo angeambiwa. Na Wilkister alikuwa amekumbuka, akiwa amechelewa, kile ambacho Kamenu yote ilikuwa imekisahau kwa kukisema kila siku. Ndegwa hayuko. Ndegwa aligongwa na gari barabara kuu akitoka kazini Ruiru, akafa, na mamake ameendelea kuitwa kwa jina lake, asubuhi na jioni, na kila mnunuzi wa yai.

"Alikuwa ameshika komeo," Wilkister akasema polepole. "Mlango unabishwa. Halafu inakuwa giza. Muvi haisemi kama alifungua. Na mimi sijui."

Mama Ndegwa akatikisa kichwa juu na chini, kama mtu aliyepewa chenji sawasawa.

"Asante," akasema. "Nilijua huyo wa Kimeu anadanganya. Wewe ulinyamaza, nikasema moyoni, huyu ameheshimu." Akainamia ndoo yake, akaifunika vizuri, akainuka. "Huyo mama alifungua. Wasikudanganye. Mimi ningefungua hata kabla hajabisha."

Akamwachia mayai mawili juu ya kitambaa cha sare na kwenda zake sokoni.

Wilkister akachukua yai la kwanza, akalimenya. Alipopita Gachau baadaye, kofia mkononi, kumwambia kwamba Kimeu amekubali kuja kila Jumapili na kwamba asichukulie vibaya, alimkuta akimenya yai la pili, amekaa wima kama bibi harusi.

"Mpatie tu," Wilkister akamwambia. "Mwambie kiti hicho kina msumari upande wa kushoto, asichane suruali."

Gachau alisema baadaye kwamba hajawahi kumwona mtu aliyenyang'anywa kazi akijivuna vile.